Takwimu za majina za SSA: tumezipima kwa jina Zuri

Simama katikati ya Mombasa uite "Zuri!" kwa sauti. Watakaosikia watasubiri umalizie: zuri lipi? Ukiita hivyo katika uwanja wa shule Atlanta, huenda msichana akageuka. Neno limetoka kwetu, jina limekulia kwao. Ndiyo maana anayetaka kulifuatilia anahitaji vyombo viwili, takwimu za huko na kamusi ya huku. Kwa upande wa takwimu, hakuna chombo kinachoishinda hazina ya majina ya watoto ya SSA, idara ya hifadhi ya jamii ya Marekani. Iko ssa.gov/oact/babynames, ni bure, na haikudai ujisajili.

Msingi wake ni maombi ya kadi za hifadhi ya jamii ya watu waliozaliwa Marekani baada ya 1879. Linahesabiwa jina la kwanza tu, kwa mwaka wa kuzaliwa na jinsia. Orodha ya mwaka uliopita kwa kawaida hutoka Mei.

Wengi huishia kwenye kisanduku cha mbele: unaandika jina, unachagua jinsia na idadi ya miaka, unapata jedwali la nafasi. Kisanduku hicho ni chepesi na kinapotosha, kwa sababu kinajua majina 1,000 ya juu tu kwa kila jinsia. Mwaka ambao Zuri halimo katika hayo, mtu hukimbilia kusema hakuna aliyeitwa hivyo. Kumbe huenda waliitwa watoto 150, ila hawakufika kwenye hesabu ya elfu. Kwa jina la kisasa lililopanda taratibu, miaka hiyo ya chini ndiyo yenye habari.

Kwa hiyo ruka kisanduku, nenda sehemu ya data za kitaifa upakue faili la zip. Ndani kuna faili moja la maandishi kwa kila mwaka, yob1880.txt, yob1881.txt na kuendelea. Kila mstari una vitu vitatu vilivyotenganishwa kwa koma: jina, jinsia (F kwa wasichana, M kwa wavulana), idadi. Mstari wa kwanza wa 1880 unasomeka hivi: Mary,F,7065. Hakuna kingine, na huo ndio uzuri wake. Wasichana hutangulia, kisha wavulana, kila kundi kutoka idadi kubwa hadi ndogo. Faili la mwaka wa karibuni lina mistari zaidi ya 30,000, basi usijaribu kuisoma kwa macho. Tafuta "Zuri," pamoja na koma yake. Ukiisahau koma utaletewa Zuriel na Zuriah, na hesabu itaharibika. Mwenye kompyuta ya Linux au Mac atamaliza miaka yote kwa amri moja: grep "^Zuri," yob*.txt.

Sasa kasoro zake, na baadhi si ndogo. Jina lenye watoto chini ya 5 kwa mwaka na jinsia husika hufichwa kulinda faragha. Mwaka wa kwanza unaouona kwenye faili basi si mwaka aliozaliwa Zuri wa kwanza. Ni mwaka wa kwanza walipofika 5. Kanuni hiyo hutumika pia kwenye faili za majimbo, zinazoanzia 1910, kila jimbo peke yake. Ukijumlisha majimbo yote hutapata jumla ya taifa, na hujakosea hesabu.

La pili, tahajia hazijumlishwi. Zuri, Zurie na Zuree ni majina matatu machoni pa SSA, na kuyaunganisha ni kazi yako. Vistari na nafasi, kinyume chake, huondolewa: Julie-Anne, Julie Anne na Julieanne huingia kama jina moja. Tena data hazihaririwi, hata jinsia iliyoandikwa kimakosa hubaki ilivyo. Kuhusu watu wa zamani, wengi waliozaliwa kabla ya 1937 hawakuwahi kuomba kadi, kwa hiyo miongo ya mwanzo ina mapengo. Kwa Zuri hilo halituumizi. Kwa Mary lingetuumiza.

Na kubwa kuliko yote: SSA haitoi maana. Haisemi hata jina ni la lugha gani. Hatuihesabu kasoro, maana waliojaribu kuijaza nafasi hiyo ndio wanaoharibu kazi. Kurasa za maana za majina, zile zenye matangazo kila aya, hunakiliana, na dalili yake ni kwamba kosa moja huonekana kwenye kurasa kumi kwa maneno yaleyale. Chini ya Zuri utakuta Kiswahili, Kiebrania na Kibaski (lugha ya mpakani mwa Uhispania na Ufaransa) vimepikwa chungu kimoja. Tuvitenganishe. Kibaski kina zuri, "nyeupe". Kiebrania kina tzuri, "mwamba wangu", ndiyo iliyomo ndani ya Zuriel, mkuu wa Wamerari katika Biblia, kitabu cha Hesabu 3:35. Haya ni maneno matatu yaliyogongana sauti, hayana ujomba wala ushangazi. Zuhura na Zahra nayo yasiingizwe humo, asili yake ni Kiarabu.

Hapo ndipo kamusi inapohitajika. Fungua Kamusi ya Kiswahili Sanifu, ile ya TUKI (Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili) ya 1981 inatosha, utafute herufi Z. Neno limeandikwa -zuri, na kistari mbele. Kistari hicho kinasema mengi kuliko ukurasa mzima wa matangazo: hili ni shina la kivumishi, linangoja kiambishi. Mtu ni mzuri, watu ni wazuri, kitu ni kizuri, habari ni nzuri. Zuri tupu huafikiana na ngeli ya ji-ma: jambo zuri, tunda zuri, jina zuri. Kisarufi, basi, msichana huyo ameitwa kwa upatanisho wa jina lake, si wa mtu. Sadfa tamu, na wala si kosa la kumkosesha mzazi usingizi. Majina hayalazimiki kutii ngeli.

Tafsiri ya "mrembo" peke yake ndiyo tunayoikataa. Uzuri wa Kiswahili ni mpana: chakula kizuri si cha kutazamwa, na habari nzuri haina sura. Msemo wa kizuri chajiuza unasifu ubora wa kitu, na uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti, unamkejeli anayeishia kwenye sura.

Vipi kuhusu sababu za kupanda kwake? Usizisome kwenye takwimu, hazimo. Nia na Imani yana ngazi inayoonekana, kwa kuwa yamo katika kanuni saba za Kwanzaa, sherehe ya Wamarekani Weusi iliyoanzishwa na Maulana Karenga 1966. Zuri halimo. Lilisikika kwa mtoto Zuri Ross katika tamthilia ya Disney ya Jessie, 2011 hadi 2015, na kwa mzee Zuri katika filamu ya Black Panther ya 2018, ambaye ni mwanamume. Ukitaka kujaribu hoja ya tamthilia, chukua idadi ya 2008 hadi 2018 kwa F na kwa M kando kando, na ugawe kila idadi kwa jumla ya watoto wa mwaka huo. Nafasi peke yake hudanganya: jina linaweza kupanda ngazi ilhali watoto wake wamepungua, mradi majina jirani yamepungua zaidi. Ukikuta mstari ulikuwa umeshapanda kabla ya 2011, tamthilia ilidandia gari lililokuwa likienda.