Besiboli kwa masikio: redio ya AM, satelaiti na simu, msimu mzima ndani ya lori

Mechi moja ya besiboli ni Columbus hadi Indianapolis kwa lori, hapa Marekani. Ndivyo ninavyopima siku hizi. Mpira wa kwanza ukirushwa wakati natoka yadi na trela limejaa, raundi ya tisa, ya mwisho, hunikuta naingia barabara ya kuzunguka mji wa Indianapolis, maili 175 hivi, kama sijakwamishwa na mafundi wa barabara. Zamani haikuwa hivyo. Hadi msimu wa 2022 mechi ya kawaida ilipita muda wa saa tatu, nami nilikuwa nafika Indianapolis watu bado wako raundi ya saba wanajikunakuna. Mwaka 2023 ligi kuu ya Marekani ikaweka saa ya kumhesabia mrushaji, yule anayemrushia mpigaji mpira: sekunde 15 besi, yaani vituo vya wakimbiaji, zikiwa tupu, na wakati ule 20 kukiwa na mtu kwenye besi. Mechi zikateremka hadi kama saa mbili na dakika 40. Wapenzi wa kale walinung'unika. Sisi madereva tulishukuru.

Mimi ni mtu wa Tanga, Ngamiani, na hapa Ohio nina mwaka wa tisa. Kazi yangu ni kupeleka mizigo St. Louis na kurudi, barabara kuu ya I-70 kwenda na I-70 kurudi, mahindi kushoto, soya kulia. Usiku ukiwa peke yako ndani ya kichwa cha lori, muziki hukinaisha, na nyumbani huwezi kupiga simu kwa sababu kule watu wamelala. Ndipo Mdominika mmoja, mtu wa Jamhuri ya Dominika, tuliyekuwa naye yadi moja akanifungulia redio akaniambia, "Sikiliza tu, usitake kuelewa." Nikasikiliza. Sasa nimekuwa mgonjwa wa mchezo huu, na msimu uliopita nilizijaribu njia zote za kuusikiliza mubashara ili nijue ipi inastahili pesa yangu.

Kwa nini kusikiliza na siyo kutazama? Kwanza naendesha. Pili, besiboli kwenye televisheni hunipa usingizi, lakini kwenye redio naiona vizuri zaidi. Mimi nimelelewa na mpira wa redioni. Mwaka 1988 Coastal Union walipotwaa ubingwa nilikuwa mtoto, redio ya baba iko juu ya kabati, na betri zikichoka tunazianika juu ya bati asubuhi ili jioni zivumilie mpaka dakika ya 90. Lakini mtangazaji wa kandanda hukimbia na mpira, na wewe ukienda kunywa maji umepitwa na bao. Huyu wa besiboli amekaa kitako kama mzee barazani. Atakutajia hesabu, mipira mibovu miwili, straiki moja (mpira mzuri uliomshinda mpigaji), kisha atakusimulia kwamba mpigaji huyu baba yake naye alicheza, kwamba wingu linasogea kutoka ng'ambo ya mto, kwamba mrushaji anakataa ishara anayopewa. Kimya kidogo. Unasikia muuza karanga akinadi jukwaani. Halafu ko! Gongo limekutana na mpira, na kabla mtangazaji hajafungua mdomo, mngurumo wa watu umeshakwambia kama pigo ni kubwa au ni la bure.

Kwa hiyo kipimo changu ni hicho. Njia yoyote itakayoninyima ile "ko!" na ule mngurumo, au itakayokatika raundi ya tisa, haina maana hata ikiwa na rangi na picha.

Naanza na AM, redio ya masafa ya kati, kwa sababu ni ya bure na ndiyo niipendayo. Kwenye dashibodi yangu kitufe cha kwanza ni 700, WLW ya Cincinnati, wanaotangaza mechi za Reds, timu ya mji huo. Wati 50,000. Ukitoka Columbus kuelekea magharibi mchana inashika vizuri hadi Indiana. Jua likizama mambo hubadilika, na mtu aliyekulia pwani akisikiliza masafa ya kati anayajua haya bila kufundishwa: usiku redio huvuta mbali. Mchana jua huamsha tabaka la anga linalomeza mawimbi ya AM. Giza likiingia tabaka hilo hulegea, mawimbi hupanda hadi tabaka la juu zaidi na kurudishwa ardhini mamia ya maili kutoka yalikotoka. Nimewahi kuwasikia Reds nikiwa nimeegesha Missouri, sauti inakuja na kuondoka kama mtu anayezungumza huku akibembea.

Stesheni hiyo ina historia ya ajabu. Kati ya 1934 na 1939 iliruhusiwa kurusha kwa wati 500,000, mara kumi ya sasa. Mnara wenyewe, ule wenye umbo la almasi, bado umesimama pale Mason kaskazini mwa Cincinnati, na wazee wa huko husimulia kwamba siku hizo redio ilisikika kwenye nyaya za uzio. Sijui niamini kiasi gani, lakini nikipita karibu na mnara ule huwa nauangalia kwa heshima. Na mechi ya kwanza ya usiku ya ligi kuu ilichezwa Cincinnati hiyohiyo, tarehe 24 Mei 1935, Rais Roosevelt akibonyeza kitufe Washington ili taa za uwanja ziwake. Fikiria: taa, usiku, na redio ya wati nusu milioni. Mtu wa shamba Kentucky alikuwa na nini kingine cha kutaka?

Hapo Cincinnati alikuwapo pia Joe Nuxhall. Alirusha mpira katika ligi kuu mwaka 1944 akiwa na miaka 15, wanaume walipokuwa vitani, na baadaye akawa mtangazaji wa Reds kwa miongo kadhaa. Kila usiku aliaga kwa kusema kwamba anaizunguka besi ya tatu, anaelekea nyumbani, yaani besi ya mwisho, inapopatikana pointi. Maneno hayo yameandikwa nje ya uwanja wao. Dereva hawezi kuyasoma asitabasamu.

Nikishaingia Illinois nahamia 1120, KMOX ya St. Louis, nyumba ya Cardinals, timu ya huko. Hapa pana mtego kwa mgeni: 1100 ni WTAM ya Cleveland, na usiku hizi mbili hukaribiana kama madirisha ya uchochoroni. Ukiteleza kidogo umehamia kwa Guardians, timu ya Cleveland. Mimi sijali, maana Tom Hamilton wa Cleveland, ambaye yuko kwenye kipaza sauti tangu 1990, mpira ukielekea ukutani huupandisha kwa sauti mpaka nywele za mikono zinasimama. Nimewahi kukosea stesheni na kubaki hapohapo raundi nne.

Kasoro za AM nazijua pia. Wakati wa magharibi, jua linapozama, ni saa mbaya kabisa: wimbi la ardhini na lile la angani hugombana, sauti inavimba na kunywea. Radi ikipiga mbali, redio inakaangwa kama dagaa. Chini ya nyaya kubwa za umeme husikii kitu. Na magari mengine mapya ya umeme yanatengenezwa bila AM, kwa sababu mota zake huleta kelele kwenye masafa hayo, kwa hiyo ukinunua gari kagua kwanza. Lakini bei ni sifuri, huhitaji nywila, na redio haikuulizi uko wapi.

Satelaiti nitaisema kwa ufupi. SiriusXM, redio ya satelaiti ya kulipia, inatangaza mechi za timu zote 30 za ligi, na chaneli ya 89 ni mazungumzo ya besiboli tu. Sauti imenyooka, haina mikwaruzo, kutoka Pennsylvania hadi Kansas chaneli ni ileile. Ukiingia kwenye handaki au ukaegesha chini ya paa la kituo cha mafuta inanyamaza, kwa sababu inataka kuiona mbingu. Kinachonirudisha nyuma ni kwamba redio ya garini mara nyingi hukupa watangazaji wa timu mwenyeji. Reds wakiwa ugenini unasikiliza watu wanaoshangilia unapoumia. Anayevuka majimbo kumi kwa wiki na kampuni inamlipia, achukue. Mimi wa njia moja sioni haja.

Programu ya simu ya ligi yenyewe, ile ya MLB, ndiyo iliyonishangaza. Kifurushi cha sauti peke yake nilikilipia kama dola 30 kwa msimu mzima, na kila timu hucheza mechi 162. Piga hesabu mwenyewe. Unachagua watangazaji wa upande unaoutaka, wenyeji au wageni, na mechi nyingi zina utangazaji wa Kihispania pia. Yule Mdominika wangu hasikilizi kingine. Jambo kubwa ni kwamba sauti haifungiwi. Ukinunua kifurushi chao cha picha, timu za karibu na unapoishi hufungiwa usizione mubashara, na sisi wa Columbus tumebanwa katikati ya Cincinnati na Cleveland. Kwenye sauti hakuna kizuizi hicho, uko Ohio au uko Oman.

Siku za kulala njiani programu hii ni rafiki. Sheria inataka dereva apumzike saa kumi mfululizo, na mtu halali saa kumi. Mechi za pwani ya magharibi, Los Angeles au Seattle, huanza kwetu mwendo wa saa nne usiku. Nimelala kitandani nyuma ya usukani, simu kifuani, sauti chini. Huko Los Angeles ndiko Vin Scully alikotangaza Dodgers. Misimu 67 na timu moja, kuanzia 1950 wakiwa bado Brooklyn hadi 2016. Mimi nilifika Marekani amekwisha kustaafu. Hilo linaniuma kidogo, kama mtu aliyefika harusini sinia zimekwisha kuoshwa.

Ubaya wa simu ni kuchelewa. Sauti ya mtandaoni huwa nyuma ya uwanja kwa nusu dakika, pengine zaidi. Usiku mmoja, raundi ya tisa, watu wawili kwenye besi, simu nyingine ikaita. Mdominika anapiga kelele, analia, anacheka. Kwangu mimi mpigaji alikuwa bado anapangusa udongo kwenye viatu. Nikakaa na siri hiyo sekunde arobaini nzima, nikisubiri homurani, pigo la kuvuka uzio, ambayo nimeshaijua. Tangu siku ile tumekubaliana: mechi haijaisha, hakuna kupigiana. Na kuna sehemu ya I-70 mashariki mwa Illinois ambako mtandao wangu wa simu, nisioutaja, hupotea kabisa. Hapo narudi 1120 na kuomba msamaha.

Onyo moja. Ukitafuta njia ya bure mtandaoni utakutana na kurasa zinazoahidi mechi zote bila malipo. Mimi niliingia mmoja, ukanifungulia matangazo ya dawa mpaka simu ikawa moto kama pasi. Na kwenye tovuti za stesheni nyingi, saa ya mechi ikifika huwekewa kipindi kingine, kwa kuwa haki za mtandaoni ni za ligi. Usidhani umekosea kubonyeza.

Cha mwisho ni kiredio cha mfukoni, dola ishirini na kitu, betri mbili ndogo. Nilikipeleka Great American Ball Park, uwanja wa Reds kando ya Mto Ohio, baada ya kumwona mzee mmoja ana sikio moja lenye waya. Ni raha ya pekee. Unaona kwa macho, na mtangazaji anakunong'oneza kwa nini. Simu hapo haifai kitu, maana ikikuambia mpira umepigwa, mpigaji amekwisha kukaa benchi. Redio ya kweli inachelewa sekunde chache tu. Kagua kabla ya kununua kwamba kina AM. Vingi vya siku hizi ni FM tupu.

Msimu huu nimelipia programu tu, na AM iko palepale ilipo. Satelaiti sijaichukua.

Nimemlipia na mdogo wangu aliyeko Tanga, ingawa mechi za usiku za huku humfikia karibu saa nane usiku, na hakuna mtu mwenye akili anayeamka saa hizo kwa ajili ya Cincinnati. Jumapili ndiyo nafasi: mchana wa Ohio, kwake ni saa 2:40 usiku, ameshakula, yuko nje na upepo wa bahari. Wiki mbili za kwanza alilalamika kwamba hakuna kinachotokea. Wiki ya tatu akanitumia ujumbe katikati ya raundi ya saba.

"Kaka, huyo kipa mbona wamemtoa?"

Nikaegesha ndipo nikamjibu kwamba si kipa, ni mrushaji, na mkono umechoka.

"Amerusha mara ngapi?"

"Themanini na nane."

Akakaa kimya kidogo. "Basi muacheni apumzike. Anayeingia ni nani?"