Koti la Mvua la Mtoto la Shilingi 65,000, Eti Halina Sumu

Nianze na zuri lake, nisije nikaambiwa nimekuja kugombana: koti halivuji. Mvua ya masika ya Arusha mnaijua, inaanza usiku wa manane na bado inanyesha watoto wakiwa wanaingia darasani. Binti yangu amepigwa nayo mbele ya bodaboda kutoka Sakina mpaka shuleni, nikamvua koti, sweta kavu. Zipu haijakwama hata mara moja. Kofia haitoki upepo ukivuma. Kama hilo ndilo mnalotafuta, nendeni mkanunue, huku chini hamna la kuwahusu.

Mimi sikutafuta hilo tu. Koti la kuzuia mvua limejaa soko la Kilombero, la 15,000, ukijua kubembeleza unaondoka nalo kwa 12,000. Nilitoa 65,000 kwa sababu ya kibandiko. Cha kijani, kina mchoro wa jani, kimeandikwa kwa Kiswahili safi: "Halina sumu. Rafiki wa mazingira. Salama kwa mtoto." Nina mtoto wa miaka minne ambaye ni mtafunaji. Nguo ikiwa na kamba, kamba imo mdomoni. Ikiwa na kola, kola imelowa mate kabla hatujafika barabara ya lami. Nimepaka ndimu, nimepaka pilipili, anaramba na kuomba tena. Kwa hiyo niliposoma "salama kwa mtoto" sikuuliza bei mara mbili.

Nyumbani nikafungua mfuko. Harufu iliyotoka ilikuwa kali na tamu-tamu, ya kukaa kooni. Baba yao akasema hiyo ni harufu ya upya tu, lianike. Nikalianika kibarazani siku kadhaa. Asubuhi za baridi nilidhani imeisha, jua likitoka mchana inarudi na nguvu mpya. Nikilishika mikono inabaki na utelezi fulani, siyo maji, siyo mafuta, na mpaka ninawe kwa sabuni ndiyo unatoka.

Siku moja nimekaa nalo mapajani nikawa nachokonoa kile kibandiko kwa ukucha, sina hata nia mbaya. Kikaanza kuinuka pembeni. Nikavuta. Chini yake kuna lebo ya kiwandani, ndogo, maandishi meusi: 100% PVC. Yaani mtu alikaa na rundo la vibandiko vilivyochapwa hapa hapa mjini, akawa anafunika lebo moja baada ya nyingine. Kibandiko kimekatwa saizi ileile ya lebo. Hiyo siyo bahati mbaya, hiyo ni kazi ya mtu aliyepima kwa rula.

Kwa wasiojua kwa nini nilihamaki: PVC kwa asili yake ni plastiki ngumu, ndiyo hiyo ya mabomba ya maji. Ili ilainike mpaka ishoneke koti lazima ichanganywe na vilainishi, na vilivyozoeleka miaka mingi ni jamii ya fthaleti. Hivi havikuungana na plastiki, vimechanganyika nayo tu, kwa hiyo vinatoka polepole, na joto, mafuta na mate vinavisaidia kutoka. Mate! Kimoja chao, DEHP, Ulaya wamekiweka kwenye kundi la kemikali zinazodhuru uzazi. Kwenye midoli wanakibana siku nyingi, na tangu Julai 2020 fthaleti nne kati ya hizo haziruhusiwi kuzidi asilimia 0.1 ya uzito wa plastiki laini hata kwenye bidhaa nyingine nyingi zinazokaa kwenye ngozi.

Tutende haki: si kila PVC ina fthaleti. Vilainishi vingine vipo, huenda koti hili lina hivyo, na pua yangu siyo maabara. Ndiyo maana sikwenda dukani kupiga kelele. Nilikwenda kuuliza.

Sasa hapa ndipo ninapotaka mnisikilize.

Nimeingia, nimesalimia. "Habari za kazi, mdogo wangu." Kimya. Binti wa kaunta kainamia simu, kidole kinapandisha video. Nikasalimia tena. "Poa," bila kuinua macho. Poa! Nina watoto watatu, na mkubwa wangu anakaribia umri wake. Nikameza. Nikamwekea koti kaunta, nikamwonyesha kibandiko na kilichokuwa chini yake, nikamuuliza kwa upole, na nasema upole kwa sababu hasira ilikuwa bado haijapanda: mdogo wangu, mbona juu mmeandika halina sumu na chini kiwanda kimeandika PVC, hii imekaaje?

Akaliangalia koti. Akaniangalia mimi kuanzia kilemba mpaka kandambili. Kisha kwa sauti ya kutosha duka zima:

"Kwani mama, hilo koti unamvalisha mtoto au unamlisha?"

Watu wakacheka. Kuna kaka mmoja alikuwa anajaribu mabuti ya mvua, alicheka mpaka akakaa chini na buti moja mguuni. Mimi nimesimama, uso umepata moto, ulimi umekwama. Jibu lilinijia nikiwa kwenye daladala, nimeshafika Mianzini: ndiyo, analila. Analila kila asubuhi kuanzia kola. Nimelirudia jibu hilo jikoni, bafuni, nikiwa nachambua mchele, na kila nikilirudia linakuwa tamu zaidi, na halinisaidii kitu.

Nikaomba kuongea na mwenye duka. Hayupo. Namba yake? "Hapokei namba ngeni." Basi nirudishieni hela yangu. Akanyoosha kidole ukutani bila kugeuka, palipobandikwa karatasi: mali ikishauzwa hairudishwi. Nikaomba angalau risiti ya EFD, ile ya mashine ya kodi, kwa sababu siku ya kununua nilipewa kikaratasi cha mkono. Mashine mbovu. Hata hapo nilikuwa tayari kuondoka kwa amani. Angesema tu "ngoja nimuulize bosi, nitakupigia," hata kama hatapiga, ningerudi nyumbani na moyo wangu mweupe.

Najua si yeye aliyebandika. Pengine alikuta mzigo umeshafungwa hivyo, na PVC haijui kama mimi nilivyokuwa siijui kabla ya kupata mtoto mtafunaji. Nimejaribu kuihamisha hasira niipeleke kwa mwenye duka, ambako ndiko inakostahili. Imegoma. Ikifika njiani inakumbuka "unamlisha" na kurudi kaunta.

Na hilo la "rafiki wa mazingira" ndilo linalonichosha kabisa. Rafiki gani? Koti la mtoto linakaa misimu miwili, likichanika linatupwa shimoni nyuma ya nyumba, na shimo likijaa tunalitia kiberiti, tusidanganyane, mtaa mzima. PVC ina klorini ndani yake. Ukiichoma, moshi wake una asidi ya kuunguza macho na kifua, na katika moto wa namna ile, wa moshi mwingi na joto dogo, ndipo sumu kali ziitwazo dioksini hutengenezeka. Nchi hii ilipiga marufuku mifuko ya plastiki Juni 2019, wageni wakaambiwa waiache uwanja wa ndege. Leo nauziwa mfuko wenye mikono na kofia kwa 65,000, na jani la kijani juu yake.

Baada ya hapo nikawa siingii duka bila kugeuza nguo nje ndani. Nilichojifunza nakiweka hapa kwa anayenunua msimu huu. Koti ambalo ndani yake unaona kitambaa kimefumwa, poliesta au nailoni, na upande mmoja una utando mwembamba wa poliurethani (kwenye lebo wanaandika PU), halihitaji vile vilainishi. Halinuki namna ile na linakunjika bila kukakamaa. Lakini nalo lina la kwake. Lile ambalo maji yanaviringika vitone vitone na kuanguka huku kitambaa hakilowi kabisa, mara nyingi lilipakwa dawa ya kufukuza maji, na dawa hizo kwa miaka mingi zimekuwa za jamii ya PFAS, zile wanazoziita kemikali za milele kwa sababu kuvunjika kwake ni shida. California na New York wamezikataza kwenye nguo za kawaida tangu Januari 2025, Ufaransa tangu Januari 2026. Mzigo unaokataliwa kule unapelekwa wapi? Nauliza tu.

Ukikuta lebo ya OEKO-TEX Standard 100, cheti cha nguo zilizopimwa kemikali hatari, usifurahie lebo, soma namba yake. Unaiingiza kwenye tovuti yao na inakwambia kama cheti ni hai na kinahusu bidhaa gani. Daraja la kwanza ni la vitu vya watoto wachanga mpaka miaka mitatu, na ndilo gumu kuliko yote. Jani la kijani halina namba. Jani la kijani ni jani.

Jirani yangu akaniambia achana na maduka, nenda mtumbani. Nikaenda, nikachambua mafungu mpaka mgongo ukauma, nikapata la PU, rangi ya njano, limeandikwa jina la mtoto wa watu kwa wino ndani ya kola, 8,000. Halina harufu hata kidogo, limefuliwa likafulika. Niliona nimewakomesha. Mvua ya kwanza nzito, mabega yamelowa. Ile tepu inayozibia mishono kwa ndani imebanduka na kuning'inia, na fundi ninayemtegemea hana namna ya kuirudishia, ukipitisha sindano unaongeza tundu. Halafu hata huo mtumba huwezi kuuapia: koti la zamani limetoka kiwandani kabla ya hayo makatazo yote, nani ajuaye lilipakwa nini.

Kwa hiyo la njano, lisilonuka, linavuja. Lile la sumu, au lisilo la sumu, au Mungu ndiye ajuaye, halivuji. Manyunyu anavaa la njano. Mvua ya kweli anavaa la 65,000, kwa sababu mtoto anayetetemeka darasani kwa kulowa si nadharia. Nimempelekea fundi kipande cha khanga ya pamba, akaizungushia kola yote na kuishona ibane. Sasa anatafuna khanga. Maneno ya khanga nusu yameshafutika.

Niseme pia kwamba harufu imepungua. Haijaisha, imepungua, na baba yao ananikumbusha hilo kila anapolichukua ukutani. Saizi waliyosema ndiyo, mikono ina nafasi ya kukunja, atalivaa na mwakani. Ukipima kama koti, ni koti zuri kuliko yote niliyowahi kumnunulia mtoto, na nilikaa kuandika haya nikiwa na nia ya kutoa nyota tatu. Nilipofika kwenye kibandiko nikashusha hadi mbili. Halafu jana wamenitumia ujumbe: "Mpendwa mteja, mzigo mpya umeingia, makoti ya watoto yasiyo na sumu, karibu sana." Mpendwa! Sasa ndiyo wamejifunza kusalimia.

Moja. Na hiyo moja ni ya zipu.