Rhythm Heaven Fever: vitufe viwili vinatosha

Kama una Wii, ile mashine ya gemu ya Nintendo, nyumbani, itafute Rhythm Heaven Fever. Nintendo waliitoa Japani mwaka 2011, na hadi leo sijapata gemu inayonifurahisha kwa vitu vichache namna hii. Unatumia kitufe cha A, na pengine A na B kwa pamoja, basi. Rimoti huitikisi wala huielekezi popote. Unasikiliza, unabonyeza.

Ndani yake mna vijigemu vifupi vifupi, kila kimoja na wimbo wake. Katika cha kwanza unacheza gofu: nyani mdogo anakurushia mpira taratibu, mkubwa anauvurumisha, na mlio wa kila mmoja unakujulisha lini upige. Ninachokipenda kuliko vyote ni Double Date. Kijana ametoka na msichana, mbele yao vicheche wawili wametulia kwa amani, na mipira inakuja ikidunda kuwasumbua. Wewe unaipiga teke. Mpira wa miguu una mdundo wake, wa kikapu una wake, na ule wa Kimarekani unakutaka usubiri kidogo. Masikio yako yakishazoea, unaweza kufumba macho na usikose hata mmoja. Ni kama kuitikia wimbo: kiongozi anatoa, wewe unapokea, na ukichelewa kila mtu anasikia.

Hapo ndipo utamu ulipo. Huhitaji vidole vyepesi. Unahitaji kutulia ndani ya mdundo. Muziki umesimamiwa na Tsunku, mwanamuziki wa Kijapani aliyeasisi kundi la waimbaji wa kike la Morning Musume, na nyimbo zinabaki kichwani hata ukiwa jikoni.

Kila baada ya vijigemu vinne inakuja Remix, inayovichanganya vyote katika wimbo mmoja na kukuhamisha ghafla kutoka hiki hadi kile. Ngumu, lakini ni ya haki: ukikosea unajua ulikosea wapi. Ukikwama sana, mhudumu wa mgahawani humo humo kwenye gemu anakuruhusu kuruka mbele.

Jambo moja la kuangalia ni televisheni yako. Nyingi za kisasa huchelewesha picha na sauti kidogo, na hapa ucheleweshaji huo unaharibu kila kitu. Washa hali ya gemu kwenye mipangilio ya televisheni kwanza, halafu mpe rimoti hata mama ambaye hajawahi kushika gemu.