Glavu ya besiboli ya mchezaji wa uwanja wa nje: tathmini baada ya miezi tisa mjini Tabora

Glavu ninayoitathmini hapa niliikuta mwezi Julai mwaka jana kwenye meza ya mitumba mjini Tabora, ikiwa imelazwa kati ya mabegi ya shule na viatu vya mazoezi, na mwenye meza alikuwa akiinadi kama kinga ya mkono kwa warina asali. "Mwalimu, hii nyuki hapenyi," aliniambia, huku akiuvalisha kwa taabu mkono wake wa kulia kitu kilichoshonwa kwa ajili ya mkono wa kushoto. Sikumsahihisha. Alianzia shilingi 45,000, tukaelewana kwa 30,000, nami nikaondoka kwa mwendo wa mtu asiyetaka kuitwa arudi.

Ilikuwa glavu ya kudakia mpira katika besiboli, mchezo wa kupiga mpira kwa gongo, ya ngozi tupu, yenye inchi 12.75, yaani takriban sentimita 32 kutoka ncha ya kidole cha shahada hadi kisigino cha kiganja. Urefu huo ndio unaoeleza kazi yake. Wachezaji wanaosimama karibu na besi, yaani vituo ambavyo mpigaji huvikimbilia, hutumia glavu fupi, za inchi 11 na nusu hivi, kwa sababu mpira unaowafikia ukitambaa lazima uchomolewe upesi na kurushwa. Watatu wanaosimama mbali nyuma, kushoto, katikati na kulia, hungoja mipira mirefu inayoshuka kutoka juu, na kwao sentimita mbili za ziada mwisho wa mkono ulionyooshwa zinaweza kuwa ndiyo tofauti kati ya kumtoa mpigaji kwa kuudaka mpira ukiwa hewani na kuufukuza mpira hadi kwenye uzio. Kanuni za ligi kuu ya Marekani haziruhusu glavu ya mchezaji wa kawaida kuzidi inchi 13, kwa hiyo hii yetu iko karibu kabisa na ukomo.

Niliinunua kwa ajili ya mpwa wangu, kijana wa kidato cha tatu, ambaye miaka miwili iliyopita alikuwa winga wa timu ya mpira wa miguu ya shule, mwenye mbio nyingi na krosi za kutilia shaka. Besiboli ililetwa shuleni kwao na mwalimu kijana aliyeujua mchezo huo Dar es Salaam, ambako Shule ya Sekondari Azania ina uwanja wake uliojengwa kwa msaada wa Wajapani. Mwalimu huyo alikuja na gongo moja, mipira michache na glavu nne, zote fupi. Waliobaki walidaka kwa mikono mitupu, wakitumia mpira laini ili wasivunjike vidole. Mpwa wangu alipangwa nyuma katikati kwa sababu moja tu, kwamba ndiye aliyeweza kufika, na kwa msimu mzima alikuwa akifika kabla ya mpira, kisha unamgonga kifuani.

Kwa wasioujua mchezo, nieleze jinsi uwanja wa mpira wa miguu unavyogeuzwa kuwa wa besiboli, kwa sababu hapo ndipo glavu hii imefanyiwa majaribio. Kibao cha mpigaji huwekwa kwenye kona moja ya uwanja, ili mstari wa goli na mstari wa pembeni, ambavyo tayari vimekutana kwa pembe mraba, viwe ndiyo mipaka ya mpira halali. Kutoka hapo zinahesabiwa hatua 30 hadi besi ya kwanza, ingawa kipimo chenyewe ni mita 27.43, na mchezaji wa katikati anasimama kwenye eneo ambalo katika soka lingekuwa la kiungo wa timu pinzani. Hakuna uzio. Mpira ukimpita unakwenda hadi kwenye miembe, na miembe ya Tabora haina haraka ya kuurudisha.

Ubora wa kwanza wa glavu hii ni mfuko wake. Kati ya kidole gumba na kidole cha shahada kuna wavu wa ngozi nene uliofumwa kwa umbo la herufi H, na wavu huo ni mpana kiasi kwamba mpira wa gramu 145 huingia na kutulia badala ya kudunda. Uwazi wa wavu una faida nyingine ambayo sikuitambua hadi nilipoona kijana akiitumia: wakati wa jioni, jua likiwa limeinama upande wa magharibi na mpira umepigwa kutokea huko huko, yeye huinua glavu mbele ya macho kama mtu anayechungulia kupitia dirisha la matete, akaufuata mpira kupitia matundu bila kupofuka. Glavu fupi zenye wavu uliozibwa haziwezi kufanya hivyo. Hizo zimezibwa kwa makusudi, ili mpigaji asione vidole vya mrushaji, yule anayemrushia mpira, vinavyoushika mpira.

Hata hivyo, siku niliyoileta nyumbani haikuwa glavu, ilikuwa ubao. Ngozi ilikuwa imekauka kwa kukaa muda mrefu ndani ya robota, na haikufunga hata ilipobanwa kwa mikono miwili. Hapo Tabora ikatupa upendeleo ambao mijini kwingine wangeununua kwa bei kubwa, yaani nta ya nyuki. Tuliyeyusha kipande kidogo, tukakichanganya na mafuta ya alizeti kiasi cha kijiko kimoja, tukapaka kwa kitambaa kwenye kiganja, kwenye viungo vya vidole na kwenye kamba. Kosa letu la kwanza lilikuwa kupaka mara tatu ndani ya juma moja, kwa kuwa ngozi iliyoshiba mafuta huwa nzito na hulegea. Ilituchukua karibu mwezi kuirudisha katika uzito wake kwa kuifuta na kuianika kivulini. Sasa tunapaka mara moja kila baada ya miezi miwili, na hiyo inatosha hata katika vumbi la Septemba.

Baada ya mafuta ulifuata mchi. Kila jioni kijana aliweka mpira ndani ya mfuko, akaugonga kwa mchi wa kinu kama anayetwanga taratibu, kisha akaifunga glavu kwa ukanda wa tyubu ya baiskeli na kuilaza chini ya godoro. Dada yangu alilalamikia mchi wake kwa haki kabisa, na nilimnunulia mwingine, kwa hiyo bei halisi ya glavu hii iongezwe shilingi elfu chache. Kufikia mwishoni mwa Agosti ilikuwa ikifunga yenyewe mpira unapotua, na sauti ya kutua ilikuwa imebadilika kutoka kofi la ubao hadi mlio mzito wa chini, ambao wachezaji wenzake walianza kuusikiliza.

Nilihesabu, kwa sababu ualimu ni ugonjwa. Jioni moja ya mwezi Julai, akitumia glavu fupi ya shule, alipigiwa mipira 40 ya juu na kudaka 22. Jioni moja ya mwezi Oktoba, akitumia hii, alidaka 34 kati ya 40, na mpigaji alikuwa yule yule. Sitaki msomaji aamini kwamba glavu imefanya yote hayo. Katika miezi hiyo kijana alijifunza jambo kubwa zaidi, kwamba hatua ya kwanza kuelekea mpira mrefu ni kurudi nyuma, kwa sababu kukimbia kwenda mbele ukitoka nyuma ni rahisi kuliko kurudi kinyumenyume huku shingo imepinda. Lakini alijifunza haraka kwa kuwa aliacha kuogopa mpira, na woga huo uliondolewa na ngozi.

Yeye mwenyewe ana matumaini makubwa kuliko uwanja wetu, na hapa nalazimika kusema glavu hii inaweza kufanya nini na haiwezi kufanya nini. Katika simu yake ana picha ya Ronald Acuña Jr., kijana wa La Sabana, Venezuela, ambaye timu ya Atlanta Braves ilimsajili mwaka 2014 akiwa na miaka 16 kwa dola 100,000, dau dogo kwa viwango vya chipukizi wanaogombewa. Mwaka 2017 alipanda ngazi tatu za ligi ndogo, zile za kukuzia wachezaji chini ya ligi kuu, katika msimu mmoja. Aprili 2018 alikuwa ligi kuu akiwa na miaka 20. Na mwaka 2023 alipiga mipira 41 iliyovuka uzio na kuiba besi 73, yaani kukimbilia besi inayofuata bila kusubiri mpira upigwe, jambo ambalo halijawahi kufanywa na mchezaji mwingine katika msimu mmoja, akatajwa mchezaji bora wa ligi yake kwa kura zote. Pia anamfuatilia Jackson Chourio wa Maracaibo, aliyesajiliwa na Milwaukee Brewers mwezi Januari 2021 kwa dola milioni 1.8, na ambaye Desemba 2023 alipewa mkataba wa miaka minane wa dola milioni 82 kabla hajacheza hata mechi moja ya ligi kuu.

Nilimketisha tukasoma jinsi maskauti, watafutaji wa vipaji, wanavyompima mchezaji wa nje. Wanaangalia mambo matano: kupiga kwa uhakika, kupiga kwa nguvu, kukimbia, kudaka na kurusha, na kila jambo hupewa alama kuanzia 20 hadi 80, 50 ikiwa ndiyo wastani wa ligi kuu. Kati ya hayo matano, glavu inagusa moja. Mbio hupimwa kwa yadi 60, karibu mita 55, na anayetumia takriban sekunde 7 huhesabiwa kuwa wa kawaida; mpwa wangu, kwa saa ya simu na kwa kidole changu chenye upendeleo wa kindugu, alitumia 7.1. Mkono wake ni mzuri. Tatizo ni gongo. Mchezaji wa nje ambaye hapigi hana soko, hata akidaka kila kinachopaa, na kupiga mpira wa kasi kunahitaji kurushiwa maelfu ya mipira na watu wanaojua kurusha, nasi tunao wawili. Naona si bahati tu kwamba vijana wawili wa Uganda waliosajiliwa na Los Angeles Dodgers mwaka 2022, Ben Serunkuma na Umar Male, ni warushaji: kasi ya mkono inaweza kukuzwa mahali popote penye ukuta na mpira, na inapimwa kwa namba moja. Hata Gift Ngoepe wa Afrika Kusini, mzaliwa wa kwanza wa bara hili kufika ligi kuu, mwaka 2017, alisajiliwa tangu 2008 na akakaa ligi ndogo miaka yote hiyo akitafuta kupiga.

"Kwa hiyo mjomba ulinunua ya nini?" aliniuliza, kwa adabu lakini bila kunionea huruma. Nilimjibu kwamba nilinunua ili asivunjike vidole, na kwamba pesa ya gongo la pili inatafutwa.

Kasoro za glavu ni tatu, na moja ni kubwa. Kamba za ngozi zilikuwa zimechoka kabla sijanunua. Mbili zilikatika mwezi Novemba katikati ya mchezo, na fundi viatu alizibadilisha kwa mkanda wa ngozi ya ng'ombe kwa shilingi 6,000, kazi nzuri kuliko ya kiwandani, ila wavu sasa una rangi mbili. Nafasi ya kifundo cha mkono ni pana kwa kijana mwembamba, naye hulazimika kuvaa soksi iliyokatwa ncha ili isizunguke. Kubwa zaidi ni mvua. Kuanzia Novemba hadi Aprili ngozi hii hunywa maji kama udongo wa mfinyanzi, na ikishalowa haipaswi kuanikwa juani wala kuwekwa karibu na jiko. Inajazwa magazeti na kuachwa siku mbili, na siku hizo mbili timu haina mdakaji wa katikati.

Kwa mtoto wa chini ya miaka 13 siipendekezi kabisa, kwani ataiburuta kama ndoo. Anayeanza atafute fupi na laini, hata ya plastiki. Lakini kwa kijana ambaye tayari anaufikia mpira na anachokosa ni kuushika tu, shilingi 30,000 ni bei ya kucheka, ukizingatia kwamba glavu mpya ya ngozi ya daraja la juu Marekani huuzwa kwa zaidi ya dola 300. Kabla ya kulipa, vaeni kwanza: anayerusha kwa mkono wa kulia huvaa glavu mkono wa kushoto, na kwenye marobota hakuna atakayewaambia hivyo.

Mwezi uliopita nilipita tena kwenye meza ile. Muuzaji alikuwa ameniwekea nyingine, nene, ya duara, isiyo na vidole, na safari hii alikuwa ameshauliza watu. Ilikuwa ya mdakaji wa nyuma ya mpigaji, na alitaka shilingi 90,000. Nilimwambia kwamba kwa bei hiyo awauzie warina asali. Akacheka, akaikung'uta vumbi, akairudisha juu ya mabegi, na hadi Ijumaa ilikuwa bado ipo.