Uzoefu wangu na Kirejeshi: miezi minne ya kurudisha dakika tisa tisa

Niseme mapema: Kirejeshi kinafanya kazi. Wanaodai ni utapeli, nadhani wengi wao hawakuivuta ile pini ya pembeni kabla ya kubonyeza. Kinavaliwa mkononi kama saa, kina uzito kidogo, na kina vitufe viwili tu: Rudi na Geuza. Rudi inaurudisha ulimwengu nyuma dakika tisa, hazizidi wala hazipungui. Waliotaka kwenda kuwasalimu mababu zao watafute kitu kingine. Hata ile karamu ya mwanafizikia Stephen Hawking ya tarehe 28 Juni 2009, aliyowaandalia wasafiri wa wakati na kutangaza mwaliko baada ya kuisha, kwa kifaa hiki huifikii. Hakutokea mtu, na sasa angalau mimi simshangai aliyekosa kufika.

Kuna jambo ambalo kijitabu cha maelekezo kimelisukuma ukurasa wa mwisho, kwa herufi za kutafutia miwani: kinachorudi ni ulimwengu, si wewe. Mwili wako unaendelea na safari yake, pamoja na ulichovaa. Niligundua kwa saa yangu ya kawaida iliyoko mkono wa pili. Kila nikibonyeza, inaipita saa ya ukutani kwa dakika tisa. Mwaka 1971 wanasayansi Hafele na Keating walizisafirisha saa za atomiki kuizunguka dunia kwa ndege za abiria, zikaja kutofautiana na zilizobaki chini kwa kiasi kidogo mno, kinachohesabiwa kwa sehemu za bilioni za sekunde. Saa za setilaiti za GPS nazo, zisiporekebishwa, hukimbia mbele kwa takriban mikrosekunde 38 kwa siku. Mimi natembea na dakika tisa nzima mkononi na hakuna hata anayeniuliza. Nimebonyeza kama mara 1,600 tangu nikipate. Piga hesabu: siku kumi. Nimezeeka siku kumi ambazo hazimo kwenye kalenda yoyote, na kinyozi wangu ameshaanza kushangaa nywele zinavyoota.

Ninachokisifu bila kinyongo ni nanga. Dunia inalizunguka jua kwa karibu kilomita 30 kila sekunde, kwa hiyo ndani ya dakika tisa imeshasogea zaidi ya kilomita 16,000, umbali unaozidi kipenyo chake yenyewe. Kifaa kisichojali hilo kingekuacha unaelea gizani bila hewa. Hiki kinakufunga kwenye ardhi iliyo chini yako. Shida ni kwamba kinashika ardhi, hakishiki chombo. Siku moja nilibonyeza nikiwa ndani ya basi, nikitaka kuuwahi ujumbe niliomtumia mtu kwa hasira. Nilikaa hewani kwa nukta moja, kisha nikaketi kwa nguvu kandokando ya barabara. Basi lilichukua dakika tisa kunifikia. Nilipolisimamisha na kupanda, kiti changu kilikuwa kitupu, begi langu limekaa peke yake kama abiria, na jirani yangu anamwapia dereva kwamba mwenye begi alikuwa hapa hapa, tena alikuwa anaongea naye.

Basi ukitaka kubonyeza, kwanza rudi pale pale ulipokuwa dakika tisa zilizopita, ukae vilevile. La sivyo walio karibu watakuona ukitoweka dirishani na kuibuka mlangoni.

Geuza sina mengi ya kusema. Niliugeuza ukuta wa chumba kutoka buluu hadi mweupe. Kila mtu anaapa ulikuwa mweupe siku zote, picha za zamani nazo zinasema hivyo hivyo. Wiki ya pili nikaanza kuwaamini. Kitufe hicho nimekiziba kwa gundi.

Nyota tatu kati ya tano. Zingekuwa nne kama si yaliyonipata kwa dada yangu.

Tulikuwa tumekosana, nikaenda kuomba radhi. Tukaketi mezani, mbele yangu glasi ya maji. Nikasema vibaya, akanyanyuka. Nikarudi kitini, nikabonyeza. Nikasema tena, safari hii nikajitetea mno. Nikabonyeza. Kila mara glasi inajaa upya, na kila mara, kwa woga, naimaliza. Kufikia mara ya saba nilikuwa nimeyapata maneno yenyewe hasa, hakuna lililozidi. Nilikuwa pia na glasi saba za maji tumboni kutoka kwenye glasi moja. Nikamwomba radhi huku nimebana magoti chini ya meza.

Alinisikiliza hadi mwisho. Akasema, "Nimekusamehe, mdogo wangu. Lakini mbona unaongea kama mtu anayesoma?"

Kisha nikakimbilia msalani. Niliporudi alikuwa ameishika ile glasi, tupu, ananitazama. Nikamweleza yote, zile mara sita pamoja na aliyonijibu katika kila moja. Hakukasirika. Aliuliza tu kama mara ya tatu alilia, nikakubali.

Tunaongea vizuri sasa. Ila nikimwambia jambo lolote zito, kabla hajajibu huutazama kwanza mkono wangu.