Ranma ½: watu wa dojo ya Tendo, na kwa nini siwachoki

Niseme mapema: hii ndiyo anime (katuni ya Kijapani) ya kuchekesha ninayompendekezea kila anayeniuliza aanzie wapi. Nilianza na toleo jipya, lile la studio ya MAPPA lililotoka Oktoba 2024 na kuonyeshwa Netflix. Msimu wa kwanza una sehemu 12 tu, unaumaliza wikiendi moja kama bando linaruhusu. Nilivyoumaliza nikatafuta toleo la zamani, la studio ya Deen, lililoanza kurushwa Japani Aprili 1989 na kufika sehemu 161 hadi mwaka 1992. Kisha nikahamia kwenye manga yenyewe (vitabu vya katuni) ya Rumiko Takahashi, juzuu 38, aliyoichora kuanzia 1987 hadi 1996. Kwa hiyo ninayoandika hapa nimeyaokota kote kutatu, na nitaongelea zaidi wahusika, maana wao ndio wanaobeba kazi nzima.

Kwa asiyejua: Ranma Saotome ni kijana wa miaka 16 aliyelelewa barabarani na baba yake, Genma, akifundishwa kupigana tangu utotoni. Wawili hao wanakwenda kufanya mazoezi China, mahali panapoitwa Jusenkyo, penye vidimbwi vingi vilivyolaaniwa. Kila kidimbwi kilizamisha kiumbe fulani zamani, na ukitumbukia humo unapata umbo la huyo aliyezama. Genma anatumbukia kwenye kidimbwi cha panda. Ranma anatumbukia kwenye kile alichozama msichana miaka 1,500 iliyopita. Tangu siku hiyo, wakimwagikiwa na maji ya baridi wanageuka, wakipata maji ya moto wanarudi walivyokuwa.

Sheria ni hiyo tu, na raha yake ni kwamba haivunjwi. Mvua, ndoo ya kudekia, bwawa la shule, glasi ya maji mezani, vyote vinakuwa hatari. Ukiona birika jikoni unajua kuna mtu atalihitaji sasa hivi.

Lakini maji peke yake yasingenifikisha hata sehemu ya tano. Kilichonishika ni kwamba hakuna mtu humu anayejua kuwa yumo kwenye kichekesho. Kila mmoja anataka jambo lake kwa moyo wote, na ana udhaifu mmoja unaomkwamisha, tena ni uleule kila siku. Waandishi wengi wa vichekesho humfanya mhusika mmoja mjinga ili wengine waonekane werevu. Takahashi amempa kila mtu akili yake na kizuizi chake.

Chukua Genma. Yeye na rafiki yake Soun Tendo, mwenye dojo (ukumbi wa mazoezi ya mapigano) mtaa wa Nerima, Tokyo, walikubaliana zamani kwamba watoto wao wataoana ili mtindo wao wa mapigano usipotee. Soun ana mabinti watatu: Kasumi miaka 19, Nabiki 17, Akane 16. Hakuna aliyeulizwa. Sisi tuliokulia kwenye koo ambazo wazee wanakaa kikao cha posa na vijana wanaitwa mwishoni kusikiliza tu, hali hiyo tunaielewa bila kuelezwa. Mabinti wakubwa wanamsukumia Akane mzigo papo hapo, kwa hoja kwamba Akane hapendi wavulana na huyu mchumba nusu yake ni msichana. Genma sasa, akibanwa na swali lolote la maana, anajimwagia maji, anakuwa panda, na panda haongei. Anainua kibao cha mbao kilichoandikwa jibu, au anaanza kubingirisha tairi kama mnyama wa maonyesho. Nimecheka sana kwa hilo, na nimemkasirikia pia, maana madhara anayomfanyia mwanawe ni makubwa kweli.

Mfano ni woga wa Ranma kwa paka. Kijana huyu anayeruka mapaa na kupigana na watu kumi asubuhi, akiona paka anapiga kelele na kukimbia. Sababu? Alipokuwa mtoto, Genma alimfunga mwilini vyakula vya samaki na kumtupa shimoni kwenye paka wenye njaa, tena akarudia, kwa sababu kitabu cha mbinu kilisema hivyo. Onyo kwamba mafunzo hayo ni ya kipumbavu lilikuwa kwenye ukurasa uliofuata, na Genma hakuufungua. Woga ukipita kiasi, Ranma anakuwa kama paka mwenyewe: anatembea kwa miguu minne, anararua vitu kwa kucha, hatambui mtu. Kitu kinachomtuliza ni kujikunja kwenye mapaja ya Akane.

Hapo ndipo nilipomwelewa Akane. Wengi humwona kama binti wa hasira anayepiga watu, na ni kweli anapiga. Ila tazama maisha yake kwanza. Kila asubuhi akifika Shule ya Furinkan anakuta kundi la wavulana wanamrukia getini, kwa sababu kaka wa darasa la juu, Tatewaki Kuno, alitangaza kwamba anayetaka kutoka na Akane lazima amshinde kwanza. Binti anaingia darasani akiwa ameshapigana na nusu ya shule. Ungekuwa wewe ungewapenda wavulana? Ndiyo maana siku ya kwanza alipomwona Ranma akiwa katika umbo la msichana, alimkaribisha vizuri, akampeleka dojo wakashindana, na akafurahi kwamba aliyemshinda ni msichana mwenzake. Muda mfupi baadaye anafungua mlango wa bafu na kukuta mvulana anatoka majini.

Kuna kisa cha nywele zake ambacho nakirudia mara kwa mara. Akane amefuga nywele ndefu ili afanane na dada yake Kasumi, kwa sababu anampenda kimyakimya daktari wa mtaa, Tofu, naye Tofu anampenda Kasumi hadi akimwona anachanganyikiwa na kuweza kumvunja mgonjwa shingo. Siku Ranma na hasimu wake wa zamani, Ryoga, wanapigana, kitambaa kimoja cha Ryoga, anachokirusha kama kisu, kinapita na kuzikata nywele za Akane. Uwanja mzima unanyamaza. Vijana wawili waliokuwa wanatupiana matusi hawajui wasimame wapi. Akane anakwenda kwa daktari, daktari anamwambia zimempendeza, na ndipo analia, analia mpaka anamaliza. Baadaye Ranma, ambaye mdomo wake kwa kawaida unaharibu kila kitu, anamwambia kwa shida kwamba nywele fupi zinamfaa zaidi. Ni kichekesho hiki hiki cha panda na ndoo za maji, na ndani yake kuna binti aliyelizika penzi lake la kwanza bila hotuba ndefu.

Sasa Ryoga Hibiki. Huyu ndiye ninayemsubiri kila sehemu. Ryoga ana nguvu kuliko karibu wote na hana hisia ya mwelekeo hata chembe. Ugomvi wake na Ranma ulianza shuleni zamani kwa sababu ya mikate ya mchana ambayo Ranma alikuwa akimnyakulia. Wakapanga kupigana kwenye kiwanja kilichokuwa nyuma ya nyumba ya Ryoga mwenyewe. Ranma alimsubiri siku tatu. Ryoga alifika siku ya nne, amechoka, amezunguka nchi. Akakuta Ranma ameondoka kwenda China na baba yake, akaapa kumfuata, akafika kweli mpaka Jusenkyo, na huko akasukumwa kidimbwini na Ranma akiwa anamfukuza baba yake panda. Kidimbwi chenyewe ni cha kitoto cha nguruwe.

Basi kijana mwenye mabega mapana na mwavuli mzito kama chuma, akipata mvua anakuwa kinguruwe cheusi kinachotosha mkononi. Akane anakiokota, anakiita P-chan, anakilaza kitandani kwake, na hajui kwamba ni Ryoga. Ryoga anampenda Akane. Ranma anajua siri yote na hawezi kuisema, kwa heshima ya mpiganaji kwa mpiganaji, na kwa sababu anajua ni yeye aliyemtumbukiza. Matokeo yake Akane anamwona Ranma anamwonea mnyama asiye na kosa, na Ranma hana la kujitetea. Huo ndio ufundi ninaousifu: kila mmoja ana haki kidogo, hakuna wa kulaumiwa peke yake. Baadaye kwenye hadithi Ryoga anajifunza mbinu ya kurusha nguvu inayotokana na huzuni, kwamba akizidi kuhuzunika anazidi kuwa hatari. Hakuna mhusika mwingine ambaye mbinu hiyo ingemkaa.

Wengine nitawapitia haraka. Kuno anampenda Akane, anampenda pia “msichana wa nywele za kusuka”, na hajang'amua kuwa huyo ni Ranma hata akionyeshwa. Nabiki anauza picha za wote wawili na kupokea fedha kwa utulivu kabisa. Shampoo, msichana mpiganaji wa China, kwa sheria ya kijiji chake lazima amuue mwanamke anayemshinda na aolewe na mwanamume anayemshinda, na Ranma amemshinda akiwa wote wawili. Mousse, anayempenda Shampoo, haoni bila miwani na hutangaza mapenzi yake kwa mtu asiye sahihi. Kasumi anamtolea kila mvunja ukuta chai.

Sauti za toleo jipya zimenigusa sana. Kappei Yamaguchi aliyemwigiza Ranma wa kiume mwaka 1989 amerudi, Megumi Hayashibara wa Ranma wa kike amerudi, Noriko Hidaka wa Akane na Koichi Yamadera wa Ryoga pia. Miaka 35 baadaye! Hirotaka Suzuoki, Kuno wa zamani, alifariki 2006, na nafasi yake ameichukua Tomokazu Sugita, ambaye ameitendea haki. Sikiliza kwa Kijapani na usome maandishi ya chini. Ugomvi wa Ranma na Akane unaendeshwa na kasi ya hao waigizaji wawili, na kwenye sauti za Kiingereza kasi hiyo sikuipata.

Kasoro zipo. Toleo la zamani linajirudia sana baada ya sehemu kama mia moja: mgeni mpya anakuja na mchezo wake wa mapigano, anashindwa, anaondoka. Mzee Happosai, mwalimu wa Genma na Soun, mwizi wa nguo za ndani za wanawake, mimi simpendi. Kisa chake ni kimoja tu, na wanaoudhiwa ni wasichana ambao hawakumkosea. Naruka sehemu zake bila kujuta. Pia kuna vifua wazi na mabafu, hasa toleo la zamani. Toleo jipya limepunguza, lakini bado usiliweke sebuleni wazee wakiwepo. Mimi nililitazama na mpwa wangu wa sekondari na palikuwa na dakika mbili tatu za kuangalia simu.

Na kama unataka hadithi inayosonga mbele hadi harusi yenye mwali na vigelegele, utaumia. Ranma na Akane wanasogea hatua moja na kurudi robo tatu yake, miaka yote tisa ya manga.

Ushauri wangu ni uanze na toleo jipya, utazame kwa mpangilio, na usikate tamaa kwa sehemu mbili za mwanzo ambazo zinatambulisha watu tu. Fika mpaka Ryoga atokee akiuliza njia ya Furinkan na kuelekezwa, kisha akaenda kinyume. Ukimaliza ugomvi wake wa kwanza na Ranma na hujacheka wala hujamhurumia Akane, iache, haitabadilika mbele. Kwangu mimi ni nyota tisa kwa kumi, na ile moja ameichukua Happosai.