Kicheza kaseti cha USB: kisikilizie, usikiachie sauti ya bibi

Ni kile kidude cha plastiki chenye umbo la Walkman, kinachotumia betri mbili za AA au umeme wa kompyuta, na ambacho huuzwa kwa ahadi kwamba ukibonyeza kitufe kimoja kaseti inageuka MP3. Majina kwenye boksi ni mengi, lakini ndani vinafanana sana. Kaseti ya taarabu iliyouzwa madukani ina nakala nyingi. Ikiharibika, itapatikana nyingine. Barua ya sauti iliyorekodiwa Unguja ikapelekwa kwa mtoto aliyeko Maskati haina nakala. Kwa kaseti kama hiyo kidude hiki hakitoshi.

Tatizo kubwa ni mwendo. Utepe unatakiwa upite mbele ya hedi, yaani kile kichwa kinachosoma sauti, kwa sentimita 4.76 kila sekunde. Deki nzuri, yaani mashine ya kaseti ya mezani, ina gurudumu zito la chuma linalotuliza mwendo huo; humu gurudumu ni dogo na jepesi, kwa hiyo sauti ya kuvuta, kama ya zumari, inasikika ikitetemeka. Kikienda kasi zaidi kwa asilimia 6, sauti yote inapanda nusu toni: upande wa dakika 30 unakwisha kwenye dakika ya 28, na bibi anasikika kama msichana. Kipime kwa kaseti ya wimbo ambao unao pia kwenye simu, uvicheze pamoja. Kasi hurekebishwa kwa skrubu ndogo sana, mara nyingi iliyo ndani ya tundu nyuma ya mota. Izungushe kidogo kidogo.

Umeme wa USB nao huingiza mlio mwembamba kwenye rekodi. Weka betri, kisha toa sauti kwenye tundu la hedifoni uipeleke kwenye kadi ya sauti ya nje, kile kifaa kinachoingiza sauti kwenye kompyuta. Baadhi ya vidude hivi hutoa mono, yaani mkondo mmoja tu wa sauti, jambo lisilodhuru barua ya mtu mmoja, ila muziki wa stereo unapotea nusu.

Usiingize kaseti ya miaka 30 moja kwa moja. Itazame kwanza kwenye kidirisha: ukiona ukungu mweupe kwenye kingo za utepe, na Pwani hilo ni la kawaida, usiicheze, maana uchafu utahamia kwenye hedi na kwenye kaseti zitakazofuata. Ikiwa safi, tia kalamu ya Bic kwenye meno ya gurudumu la kaseti, uzungushe hadi mwisho na kurudi. Tabaka za utepe zilizogandana zinaachana taratibu, na hapo ndipo kidude hiki hula kaseti kama hukuzilegeza. Kaseti za dakika 120 usizijaribu humu kabisa; utepe wake ni mwembamba mno.

Sauti ikififia na kurudi, angalia mdomo wa kaseti. Katikati pana kipande kidogo cha kitambaa juu ya bati jembamba la springi, kazi yake ni kuukandamiza utepe kwenye hedi. Gundi yake hufa kwa joto na kitambaa kinadondoka. Chukua kaseti nyingine yenye skrubu tano, ifungue, uhamishie humo magurudumu yote mawili pamoja na utepe wake. Ilaze bapa unapofanya hivyo, na usiushike utepe kwa vidole vyenye mafuta.

Kwa kazi ya kuhifadhi, tafuta deki ya zamani na umpelekee fundi redio abadilishe mikanda ya mpira. Hedi isafishe kwa spiriti na pamba. Gurudumu la mpira, lile linalobana na kuvuta utepe, lipanguse kwa maji yenye sabuni kidogo, kwa sababu spiriti huweza kulikausha. Kisha njoo kwenye skrubu iliyo ubavuni mwa hedi, ile yenye springi. Redio iliyorekodi barua ile huenda hedi yake ilikuwa imeinama, na hedi ya deki lazima iiname vivyo hivyo. Weka alama ya kalamu pale skrubu ilipo, cheza mahali mtu anapozungumza, zungusha polepole, chini ya robo mzunguko, huku ukisikiliza herufi “s” na “sh”. Zikikata vizuri, acha hapo. Hakuna programu itakayokurudishia “s” iliyopotea hatua hii.

Rekodi kwa programu ya Audacity, faili la WAV (lisilobanwa), 44,100 Hz, biti 16, na sauti inapopanda juu kabisa isivuke desibeli -6. Upande wa dakika 30 unachukua karibu MB 317 kwa stereo. MP3 ya kutuma WhatsApp itoe kwenye nakala, si badala ya WAV.

Na kabla ya yote, vunja vile vijino viwili vya juu ya kaseti. Vikishavunjwa, kitufe cha kurekodi hakibonyezeki kwa bahati mbaya.